Gauni Jeupe Begani Kwangu

Mimi si mtu wa kukaa. Mama yangu husema nilianza kutembea kabla sijajua kukaa vizuri, na ndiyo maana mpaka leo kiti kinanishinda. Kazi niliyoipata inanifaa kwa hilo. Mimi ni mwandishi wa mkoani, natuma habari na picha Dar es Salaam kutoka Musoma, na ofisi yangu ni simu, koti la mvua na pikipiki ya kukodi. Watu wakisikia natuma habari hudhani mimi ndiye ninayechagua kinachosomwa. Ningekuwa nachagua mimi, wiki ile kabla ya mafuriko nchi nzima ingesoma kuhusu dagaa wa Mugango.

Nilishinda Mugango siku mbili. Mvua za masika hazikutaka kukatika, dagaa walioanikwa wakageuka uji juu ya nyavu, na akina mama wakawa wanawazoa kwa ndoo na kuwarudisha ziwani walikotoka. Niliandika vizuri, najua niliandika vizuri. Ikatoka aya tatu bila picha, chini ya tangazo la sabuni. Bado nilikuwa na hasira hiyo nilipopigiwa simu kwamba Mto Mara umetoka kwenye njia yake na watu wa upande wa Buswahili wamekimbilia shuleni. Sikumaliza hata chai.

Kutoka Butiama kwenda kule pikipiki ilikwama mara mbili, na mara ya tatu dereva akaniambia kwa upole kwamba yeye anarudi. Kilichobaki nikakitembea, viatu mkononi, huku nikipanga kichwani sentensi yangu ya kwanza. Ilikuwa na neno kilio ndani yake. Hicho ndicho nilichotegemea kukikuta.

Nilipoingia darasani nilidhani nimekosea mlango nikaangukia kwenye ibada. Wanawake walikuwa wamevaa magauni ya sikukuu na vitenge ambavyo havijafuliwa hata mara tatu. Mzee mmoja alikuwa na koti la harusi juu ya koti jingine la harusi, jasho linamtoka, na hataki kuvua hata moja. Na kando ya ubao alisimama mama wa miaka kama sitini, amevaa gauni jeupe lenye kola ya bluu, kilemba cheupe na raba nyeupe. Chini ya magoti alikuwa tope tupu. Kuanzia magotini kwenda juu alikuwa mweupe kama yuko njiani kwenda madhabahuni.

Ile sare niliijua, maana mama yangu anayo ya namna hiyo kule Manyamanyama, Bunda. Ni sare ya akina mama wa kanisa. Huinunui tu ukaivaa. Unatembelea wagonjwa, unafagia kanisa, unapika kwenye misiba ya watu usiowajua, na baada ya mwaka mzima wa kutazamwa ndipo unavalishwa mbele ya waumini wote. Nimewahi kumwona mama yangu akiipiga pasi yake. Hata redio huzima.

Yule mama alinikaribisha, akanikalisha juu ya dawati, akaniuliza kama nimekula. Mimi niliyekuja kuuliza ndiye niliyeulizwa. Nilipopata nafasi nikamwuliza kuhusu nguo, mbona wote wamevaa hivyo.

Alinitazama kama mtu anayeulizwa kwa nini anafunga mlango.

“Nguo ukiibeba mkononi, maji inakunyang'anya,” alisema. “Ukiivaa, mpaka maji ikuchukue na wewe. Sisi huku tunavaaga zote. Ile nzuri zaidi inakuwa juu, unaiona, unaichunga.”

Akanionyesha shingoni. Chini ya sare kulikuwa na gauni la kijani, na chini ya la kijani kulikuwa na lile la shambani. Maji yalimkuta anapepeta mtama. Mbuzi aliwafungulia kamba waende wanakojua, masufuria na sanduku aliviacha, akaingia chumbani kuvaa. Jirani yake alimpigia kelele kwamba anajiremba mto unakuja, na yeye akafunga vifungo vyote, kimoja kimoja, mpaka cha kolani.

“Hii ndiyo nitazikwa nayo,” aliniambia, akiishika kola kwa vidole viwili. “Mengine yote naweza kuanza upya.”

Halafu akanipa ujumbe, na akanitaka niuandike huku anatazama. Chakula wangegawana, na ndugu wa milimani wangeleta. Lakini mihogo yote ya bondeni ilikuwa imelala majini inaoza, na pamoja nayo vile vijiti vya kupandia, ambavyo kwetu tunaviita mbegu. Maji yangetoka, udongo ungekuwa mzuri sana, na wao wangesimama juu yake mikono mitupu. Njaa yenyewe ingeanzia hapo, miezi ijayo, wakati hakuna mtu tena anayewatazama. Niliandika kila neno. Nikampiga picha amesimama mlangoni, mweupe, maji yanang'aa nyuma yake mpaka kwenye mafunjo, na anatabasamu kwa sababu mgeni akikuelekezea simu unamtabasamia. Niliipenda sana picha ile. Nilipanda juu ya dawati kutafuta mtandao nikaituma.

Jibu la mhariri wangu wa Dar es Salaam lilikuja kwa ujumbe wa sauti. Hakuwa mtu mbaya, na simsemi vibaya hapa. Alicheka kidogo, akauliza kama hawa wanakwenda harusini. Akasema mtu aliyekaa kwenye foleni mjini akiona hiyo hataamini kuna maafa, atasema mbona wamependeza. Alitaka picha ya kumfanya mtu aweke kijiko chini. Mwisho akanikumbusha, bila ubaya wowote, kwamba hata dagaa walikosa picha.

Hapo ndipo aliponichoma. Nilitoka nje nikaizunguka baraza ya shule sijui mara ngapi. Nilikuwa na maneno ya kumjibu, mazuri tu, na nikayasema yote, ila niliyasema peke yangu, nikiwa nazunguka. Kisha nikarudi darasani.

“Mama,” nilimwambia, “watu wa mjini wakikuona hivi hawataamini.”

“Hawataamini nini, mwanangu?”

“Kwamba mmepatwa na shida.”

Aligeuka akatazama nje. Alitazama kwa muda, kwa makini, kama vile mimi ndiye niliyekuwa sijaona kitu.

“Si maji inaonekana?” aliuliza.

Nikamweleza. Nilieleza vizuri, nina kipaji hicho. Nikasema ni kwa faida yao, msaada utakuja haraka, ni dakika moja tu. Alikubali vile mama zetu wanavyomkubalia nesi au mwalimu, kwa kudhani aliyesoma anajua kitu ambacho wao hawakijui. Wanawake wawili walishika kitenge kwenye kona, na nyuma yake akavua sare, akavua lile la kijani, akatoka na gauni la shambani lililochanika kwapani. Kilemba pia nilimwomba akitoe. Sare yake hakumpa jirani. Alinipa mimi.

“Shika wewe. Usiweke chini.”

Nilikuwa na simu mkononi, kwa hiyo nikalitupia gauni begani. Lilikuwa bado na joto la mwili wake. Nikamwomba aketi sakafuni, miguu ameinyoosha, mkono shavuni. Mtu yeyote wa Mara anajua nani hukaa hivyo. Ni mwanamke aliyefiwa. Nilijua ninachoomba, na yeye alijua anachoombwa. Nilipiga picha saba. Alisimama upesi, akajipangusa, akachukua gauni lake begani kwangu, akaikagua kola kwanza, ndipo akavaa.

“Imetosha?” aliuliza.

Nikamwambia imetosha.

Asubuhi iliyofuata picha ilikuwa kila mahali. Juu yake kulikuwa na neno njaa, herufi kubwa, ambalo mimi sikuliandika. Mbegu hazikuwemo hata kwa kutajwa. Na sitajifanya kwamba nilisikitika. Nilifurahi. Simu haikupumzika, watu niliosoma nao chuo wakanikumbuka ghafla, na muuza duka wa Kitaji akanionyesha picha yangu mwenyewe akidhani sijaiona. Redioni watu wakapiga simu kujadili. Mmoja alilia hewani. Mwingine akasema watu wa huko ni wavivu, wamezoea kusaidiwa. Binamu yangu wa Morogoro akaniuliza hivi kwenu watu bado hawana nguo? Wote, aliyelia na aliyetukana, waliizungumzia Buswahili kama mahali ambapo hapajawahi kuota kitu. Kulikuwa na mtama wa urefu wa mtu pale. Mimi mwenyewe nilipita katikati yake, ulikuwa majini mpaka shingoni, na picha yake sikupiga hata moja.

Baada ya wiki mbili msaada ulifika. Lori zima lilikuwa limejaa nguo.

Nilikwenda kuandika na hilo pia. Kulikuwa na suti za wanaume, viatu vya kisigino kirefu, majaketi ya nchi za baridi. Wanawake walivishana huku wakicheka mpaka wakashika mbavu, na kiongozi mmoja akatoa hotuba. Yule mama, ambaye alikuwa tena ndani ya sare yake nyeupe, alipewa koti jeusi lenye manyoya shingoni. Alilikunja vizuri, akashukuru, akanisogelea. Aliniuliza kwa sauti ya chini mbegu ziko gari la ngapi. Nikasema nitafuatilia. Na nilifuatilia kweli, nikaandika habari nzima ya mihogo, na mhariri akanijibu kwamba Buswahili tumeshaimaliza, je, sina kitu kipya.

Nikawa silali vizuri, na mchana sikai. Jumamosi moja nikapanda basi kwenda Manyamanyama kwa mama. Nilimkuta barazani anachambua pamba. Nikampa simu aione ile picha, kwa sababu, nisiwafiche, nilitaka kusifiwa na mtu ninayemwamini. Aliishika mbali na macho kama anavyofanya siku hizi. Akakaa nayo.

“Hizi raba ni za sare,” alisema. “Gauni yake iko wapi?”

Mimi nilikuwa nimeangalia uso. Mhariri aliangalia uso, na wale wote wa redioni waliangalia uso. Mama yangu aliangalia miguu. Nikamsimulia yote kwa mzaha, yule mzee wa makoti mawili, dawati la mtandao, nikifika kwenye sehemu ya kitenge na kona nikaharakisha. Hakucheka.

“Nani alimvua?”

Nikaokota pamba nikaanza kuchambua.

“Hii picha tulionyeshwa kanisani, kwa mbali,” aliendelea. “Hatukujua ni ya kwako. Tulilia sana na wenzangu. Tukasema huyu mwenzetu hana nguo, tukachanga nguo. Mimi nilitoa ile koti yangu nyeusi, yenye manyoya, uliyoninunulia.”

Nilimwambia kwamba walichohitaji ni mbegu za mihogo. Alinigeukia taratibu, akaonyesha kwa kidevu nyuma ya nyumba, ambako mihogo yake imesimama tangu nilipopata akili, mingi kiasi kwamba huikata na kuitupa.

“Mihogo?” alisema. “Ungesema mihogo.”

Sijawahi kupewa karipio kama lile, na nimekaripiwa na watu wenye vyeo. Kilomita hata mia hazifiki kati ya baraza ile na bonde la Buswahili. Upande mmoja vijiti vinatupwa, upande wa pili vinaliliwa, na katikati nimesimama mimi na simu yangu. Ilibidi picha iende mpaka Dar es Salaam, irudi Bunda imekuwa kitu kingine, ili mama yangu atoe koti.

Jumatatu akina mama wa kanisa lake walikata vijiti, wakavifunga mafungu. Nilisafiri navyo juu ya basi hadi Butiama, halafu kwa pikipiki mbili, na safari hiyo sikuandika chochote. Yule mama alikuwa amerudi kwake, ukuta mmoja amekwisha kuukandika upya. Alivishika vijiti kimoja kimoja akitazama macho yake ya kuchipulia, akasema vimechelewa kidogo lakini vitajaribu. Kabla sijaondoka akanivuta chumbani. Sare ilikuwa imening'inia nyuma ya mlango ndani ya mfuko wa nailoni, imefuliwa kwa bluu, imenyooka. Hakuna tone la tope. Aliniambia niiguse. Nikaigusa, nikamwomba msamaha, naye akanipiga kofi dogo la begani, lile lile bega, akasema yaliisha hayo. Nilirudi Musoma nikiwa mwepesi, hata nikakaa kwenye kiti cha basi safari nzima bila kuinuka.

Nusu ya mihogo ilishika. Najua kwa sababu alinipigia kunieleza, na ikifika mwisho wa mwezi nilizoea kumpigia mimi.

Masika yaliyofuata mto ukatoka tena. Safari hii ulikuja mchana kweupe, na polepole, watu walikuwa na nusu siku nzima ya kujiandaa. Niliposikia hivyo nilishukuru, kwa kuwa nusu siku inatosha mtu kuvaa. Njiani nilikuwa nimeshaamua. Nitampiga picha amesimama, mweupe, na mhariri asipotaka nitaituma kwingine, na asipotaka kabisa niache kazi. Nilikuwa na maneno yangu tayari na safari hii ningeyasema kwa mwenye kustahili kuyasikia.

Darasa lilikuwa lile lile. Nilisimama mlangoni nikitafuta cheupe. Hakikuwepo. Wanawake wote walikuwa wamevaa matambara. Vitenge vilivyopauka, fulana zilizotoboka, gauni limefungwa kwa kamba ya katani kiunoni. Yule mzee alikuwa kifua wazi. Hakuna aliyekuwa amevaa nguo mbili. Ilinichukua muda kuelewa ninachokiona, na nilipoelewa nilitamani kurudi nje nianze kuzunguka baraza.

Yule mama alikuwa karibu na ubao, na gauni la shambani, lile la kuchanika kwapani. Peku. Alifurahi kuniona, akaniuliza kama nimekula.

“Mama, sare iko wapi?”

“Nimeiacha kwenye sanduku.”

“Na maji?”

“Nyumba imekaa chini tangu jana,” alisema. Alisema hivyo tu, kisha akawa anaikunja ncha ya gauni na kuikunjua. “Nilikuwa nimeshaivaa, mwanangu. Nikafunga mpaka kifungo cha juu. Halafu nikakumbuka. Nikasema huyu atakuja, na nyie mnapendaga tukiwa hivi. Mwaka ule nilikuja nayo mkanivua. Mwaka huu nimejivua mwenyewe, nisikupe kazi.”

Nilitaka kumwambia kwamba sivyo, kwamba nilikuja kwa ajili ya ile nyeupe. Ningesema nini? Kwamba nimebadilisha mawazo? Gauni lilikuwa chini ya ukuta, chini ya maji, na alikuwa ameliweka huko kwa mikono yake kwa sababu yangu. Nililia, nikiwa nimesimama pale mbele ya watu waliofurikiwa, na ni wao walionibembeleza.

Yeye alisubiri nimalize. Kisha akatafuta mahali penye mwanga, kati ya dirisha na ubao, akaketi sakafuni, akanyoosha miguu, akaweka mkono shavuni. Hakukuwa na kitu cha kurekebisha.

“Haya, piga,” alisema. “Na usisahau mbegu.”